Mikanda ya Bissau iliyonuka siki

Ukifungua kopo la filamu ya zamani ukapokewa na harufu kali ya siki, ujue umechelewa. Plastiki ya mkanda inaoza. Mkanda unasinyaa, unajikunja, picha inabanduka. Mingi ya mikanda ya Guinea-Bissau ilikuwa imefikia hatua hiyo ilipoanza kushughulikiwa mwaka 2011.

Asili yake ni vita vya uhuru dhidi ya Ureno. Mwaka 1967 Amílcar Cabral, kiongozi wa PAIGC, chama kilichoongoza vita hivyo, aliwapeleka vijana wanne Cuba kusomea filamu: Flora Gomes, Sana na N'Hada, Josefina Crato na José Bolama. Alitaka taifa ambalo bado halijazaliwa lijipige picha lenyewe. Walirudi mwaka 1972, wakaingia maeneo yaliyokombolewa na kamera zao. Cabral aliuawa Conakry Januari 20, 1973. Uhuru ulipotangazwa Madina do Boé Septemba 24 mwaka huohuo, kamera zilikuwepo.

Baadaye ikaja njaa ya fedha, na vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1998 hadi 1999 vikapoteza sehemu ya hazina hiyo. Cha ajabu ni kwamba picha za kanivali alizopiga Sana na N'Hada zilikwisha kuingizwa na Mfaransa Chris Marker katika filamu yake Sans Soleil ya mwaka 1983. Wapenzi wa sinema Ulaya wakazisifu, huku mikanda yenyewe ikiozea Bissau.

Mwaka 2012 Gomes, Sana na N'Hada na msanii Mreno Filipa César waliifikisha mikanda hiyo Berlin, katika taasisi ya Arsenal, na kilichosalia kikageuzwa kuwa cha kidijitali. Kwangu mimi, kazi hiyo ya mashine ndiyo iliyokuwa nyepesi. Sehemu kubwa ya picha haikuwa na sauti. Unamwona mpiganaji akicheka, mama amebeba mzigo kichwani, umati umekusanyika; ni nani hao, na wako wapi? Hayo hayamo kwenye mkanda. Yamo vichwani mwa wazee, na wazee hawana nakala.

Ndiyo maana mwaka 2014 walifunga safari na sinema ya kuhamahama, wakatandaza turubai vijijini. Picha zikipita kimyakimya, Sana na N'Hada na Gomes walisimulia papo hapo kwa kipaza sauti, na watazamaji nao wakachangia yao. César alizikusanya safari hizo katika Spell Reel ya mwaka 2017, ambamo picha za zamani, pamoja na madoa yake, huonekana kama kidirisha kidogo ndani ya kiza cha skrini.

Sana na N'Hada hakuishia hapo. Katika Nome, filamu ya kubuni iliyoonyeshwa Cannes mwaka 2023, anamfuata kijana anayejiunga na wapiganaji mwaka 1969, anarudi shujaa, kisha madaraka yanamlevya. Katikati ya waigizaji amechomeka picha za vita zilizonusurika, zile alizopiga akiwa kijana. Cabral alimtuma akapige picha za ushindi. Miaka hamsini baadaye anazitumia kuwauliza washindi walichoufanyia ushindi huo.