Tundu la Kijani: Historia ya Ruleti na Hesabu ya Dau

Ruleti ni mchezo wa kamari unaochezwa kwa gurudumu lililolazwa, ambalo ukingoni mwake mna matundu yenye namba kuanzia 1 hadi 36, nusu yake mekundu na nusu meusi, pamoja na tundu moja au zaidi la kijani lililotengewa sifuri. Mchezeshaji, ambaye katika kasino huitwa krupia, hulizungusha gurudumu upande mmoja na kuirusha gololi upande wa pili, huku wachezaji wakiweka dau zao juu ya meza iliyochorwa namba hizo hizo na kubashiri tundu ambamo gololi itatulia. Anayebashiri namba moja na kupatia hulipwa mara 35 ya dau lake na kurudishiwa dau lenyewe. Anayeshika namba mbili kwa pamoja hulipwa mara 17, namba tatu mara 11, namba nne mara 8, namba sita mara 5 na kundi la namba 12 mara 2, ilhali anayechagua rangi, au anayechagua kati ya witiri, yaani namba zisizogawanyika kwa mbili, na shufwa, zile zinazogawanyika, hulipwa kiasi kilicho sawa na dau.

Malipo hayo yakipimwa kwa makini, huonekana kuwa yamepangwa kwa usahihi kamili kwa ajili ya gurudumu lenye matundu 36 tu. Gurudumu la namna hiyo lingekuwa la haki, kwa maana kwamba mchezaji angeshinda na kushindwa kwa viwango vinavyofidiana, na mwenye kasino asingepata hata senti ya kulipia taa. Tundu la 37 ndilo linalomlisha. Kwa sababu hiyo historia ya ruleti inaeleweka vizuri zaidi kwa kufuatilia sifuri: nani aliiweka, nani aliipunguza, na kwa hesabu gani.

Asili ya mchezo imefunikwa na hadithi, na iliyoenea zaidi inadai kuwa ulibuniwa na Blaise Pascal, mwanahisabati wa Ufaransa aliyeishi kati ya 1623 na 1662, alipokuwa akitafuta mashine inayojiendesha bila kukoma. Dai hilo halina ushahidi wa kuaminika, na huenda lilipata nguvu kwa kuwa mwaka 1658 Pascal aliandika kuhusu mstari uliopinda unaochorwa na nukta iliyo ukingoni mwa gurudumu linalobingirika, mstari ambao Wafaransa wa enzi hizo waliuita kwa jina hilo hilo la ruleti. Mchango wake wa kweli ulikuwa mwingine, na pengine mkubwa zaidi. Mwaka 1654 aliandikiana barua na mwanahisabati mwenzake, Pierre de Fermat, kuhusu namna ya kugawana fedha za mchezo uliokatizwa kabla ya kumalizika, na kutokana na barua hizo ikachipuka nadharia ya uwezekano, tawi la hisabati linalopima matukio ya bahati. Miaka mitatu baadaye Christiaan Huygens, Mholanzi, alichapisha kitabu kilichofafanua dhana ya matarajio, yaani wastani wa kile ambacho mchezaji angepata au kupoteza kwa kila dau endapo angecheza mara nyingi sana. Kwa hiyo chombo cha kuipimia ruleti kilikuwa tayari kabla ruleti yenyewe haijapata umbo linalojulikana leo.

Katikati ya karne ya 18 jina la mchezo linajitokeza katika maandishi ya wale waliotaka kuuzuia: sheria ya Bunge la Uingereza ya mwaka 1745 iliupiga marufuku, na mwaka 1758 amri za koloni la Kifaransa lililo Kanada ya leo ziliutaja sambamba na michezo ya dadu. Marufuku hayo hayakuuzuia kustawi Paris, ambako mwishoni mwa karne hiyo ulichezwa katika kumbi za Palais-Royal kwa gurudumu lenye sifuri mbili zilizotengwa kwa faida ya mwenye mchezo. Serikali ya Ufaransa iliposhindwa kuziba mianya iliamua kuuza kibali na kukusanya mapato, hadi ilipozifunga nyumba zote za kamari mwishoni mwa mwaka 1837. Mkandarasi wa mwisho, Jacques Bénazet, akahamia Baden-Baden nchini Ujerumani, na biashara ikamfuata.

Miongoni mwa waliovuka mpaka walikuwamo pacha wawili, François na Louis Blanc, walioanzisha kasino katika mji mdogo wa Homburg, uliojulikana kwa chemchemi zake za maji ya tiba. Mwaka 1843 walifanya jambo lililowashangaza washindani wao: waliondoa sifuri moja na kubakiza gurudumu lenye matundu 37. Wasiompenda François walisema alimwuzia shetani roho yake ili apate siri ya gurudumu, na wakataja kama ushahidi kwamba namba 1 hadi 36 zikijumlishwa hutoa 666. Jumla hiyo ni sahihi, ila siri yake ilikuwa ya kibiashara, na inahitaji hesabu fupi.

Mchezaji anayeweka shilingi moja kwenye namba ile ile kwa mizunguko 37 atapatia, kwa wastani, mara moja, apate shilingi 35, na atakosa mara 36, apoteze shilingi 36. Pengo ni shilingi moja. Akichagua nyekundu atashinda mara 18 na kushindwa mara 19. Pengo ni shilingi moja. Akichagua kundi la namba 12 atashinda mara 12 kwa shilingi mbili mbili, jumla 24, na kushindwa mara 25. Pengo ni lile lile. Kiwango hicho cha moja kwa 37, sawa na asilimia 2.70, ndicho kinachoitwa faida ya kasino, na hakibadiliki kwa mchezaji kuhama kutoka namba kwenda rangi, kwani kinachobadilika ni kasi ya kupanda na kushuka tu. Kwa gurudumu la sifuri mbili pengo ni shilingi mbili kwa 38, sawa na asilimia 5.26. Baadhi ya kasino za Ulaya hulegeza zaidi kwa wanaochagua rangi, witiri au shufwa, kwa kuwarudishia nusu ya dau gololi inapoangukia sifuri, na kwa dau hizo faida hushuka hadi asilimia 1.35.

Jambo ambalo wachezaji wengi hulisahau ni kuwa asilimia hiyo hutozwa kwenye jumla ya dau zote zilizowekwa, wala si kwenye fedha zilizoletwa mfukoni. Mtu anayeingia na shilingi 10,000 na kuweka shilingi 100 kwenye nyekundu kwa mizunguko 200 ameweka dau za shilingi 20,000, kwa kuwa fedha zile zile zimezunguka zaidi ya mara moja. Hasara inayotarajiwa ni takriban shilingi 540 kwa sifuri moja na zaidi ya 1,050 kwa sifuri mbili. Blanc alitambua kwamba tozo ndogo humfanya mgeni akae mezani muda mrefu, azungushe fedha zake zaidi, na arudi msimu ujao. Katika mfano huo huo, takriban mtu mmoja kati ya watatu huondoka na faida, na huyo ndiye anayesikika akisimulia. Kasino yenye maelfu ya dau kila siku haihitaji bahati, kwa sababu kanuni aliyoithibitisha mwanahisabati Jakob Bernoulli, katika kitabu kilichochapishwa mwaka 1713, inaonyesha kuwa majaribio yakiwa mengi wastani hukaribia matarajio.

Mwaka 1863 François Blanc alichukua kibali cha kasino ya Monaco, utawala mdogo uliokuwa umepoteza miji ya Menton na Roquebrune na karibu mapato yake yote. Reli ilifika mwaka 1868, mwaka uliofuata mtawala Charles III akawaondolea raia wake kodi za moja kwa moja, na Ujerumani ilipozifunga kasino zake mwishoni mwa 1872, Monte Carlo, mahali ilipo kasino hiyo ya Monaco, ikabaki karibu bila mshindani.

Huko ndiko mbinu za wachezaji zilikopimwa hadharani. Maarufu kuliko zote ni ya kuongeza dau maradufu kila baada ya kushindwa, kwa imani kwamba ushindi mmoja utafidia yote. Anayeanza na shilingi moja na kushindwa mara 10 mfululizo amepoteza shilingi 1,023, na uwezekano wa mkosi huo kwenye gurudumu la sifuri moja ni takriban mara moja kwa 784. Kwa hiyo mbinu hiyo hununua ushindi mdogo mwingi kwa bei ya anguko moja kubwa, na kiwango cha juu cha dau kinachowekwa kwa kila meza huhakikisha kuwa anguko hilo halikwepeki. Usiku wa tarehe 18 Agosti 1913 gololi iliangukia nyeusi mara 26 mfululizo, na wachezaji wakazidi kuimiminia nyekundu fedha wakiamini kuwa zamu yake imefika. Ni kweli kwamba mfululizo huo, ukibashiriwa kabla haujaanza, una uwezekano wa mara moja kwa takriban milioni 137, lakini gurudumu halina kumbukumbu, na baada ya nyeusi ya 25 uwezekano wa nyeusi nyingine ulikuwa ule ule wa 18 kwa 37.

Waliowahi kuishinda ruleti kwa maarifa walikishambulia chombo, hesabu wakaiacha kama ilivyo. Joseph Jagger, Mwingereza aliyezijua mashine za viwanda vya nguo vya Yorkshire, aliajiri makarani waandike matokeo ya magurudumu ya Monte Carlo, akagundua moja lililoegemea namba fulani kwa kasoro ya uundaji, na akavuna fedha nyingi kabla kasino haijayabadilisha. Mwaka 1961 wanahisabati Edward Thorp na Claude Shannon walijaribu Las Vegas kompyuta ndogo iliyofichwa mwilini, iliyokadiria mahali pa kuangukia kutokana na mwendo wa gololi. Tangu hapo magurudumu hukaguliwa kwa ukali zaidi, na vifaa vya namna hiyo vimepigwa marufuku Nevada.

Marekani kwa upande wake haikufuata njia ya Homburg. Baadhi ya magurudumu yake ya karne ya 19 yalikuwa na tundu la tatu la mwenye mchezo, lenye picha ya tai, kisha sifuri mbili zikawa desturi. Mwaka 2016 sifuri ya tatu ilirejea Las Vegas: matundu yakawa 39 na faida ikapanda hadi asilimia 7.69, huku namba moja ikiendelea kulipwa mara 35. Gurudumu hilo huwekwa mara nyingi kwenye meza zinazokubali dau dogo, wakati lile la sifuri moja hupatikana zaidi katika vyumba vya wenye dau kubwa.