UZI: "Mimi nilimtangulia kazini." Hii kesi haikuanza jana

Kila msimu wa siasa lazima mtu apande jukwaani aseme watu wa kwao "wamerukwa" kwenye kazi za serikali. Mwingine anamjibu kwamba cheo ni cha aliyehitimu, si cha aliyezeekea ofisini. Halafu sisi huku mtandaoni tunashikana mashati hadi saa saba usiku. Sitataja mwanasiasa wala chama, jazieni wenyewe. Hebu turudi nyuma kidogo.

Enzi za mkoloni cheo kilikuwa na rangi. Tume ya Holmes, mwishoni mwa miaka ya 1940, ilikubali kwamba Mwafrika au Mhindi akifanya kazi ileile ya Mzungu, alipwe sehemu tatu kwa tano ya mshahara wa Mzungu. Yaani yeye akipata shilingi 100, wewe 60. Tume ya Lidbury ikaja 1954 ikaifuta kanuni hiyo. Sawa, lakini waliokuwa na miaka mingi kwenye vyeo vya juu walikuwa nani? Ukisema aliyetangulia ndiye apande kwanza, Mwafrika angengoja hadi lini?

Ndiyo maana uhuru ulipokuja 1963 serikali iliruka foleni makusudi. Vijana, wengine wametoka chuoni juzi tu, wakakalia viti vya wakubwa. Mimi naona ilikuwa haki. Ila iliacha deni. Piga hesabu: aliyepata kiti akiwa na miaka 32, na kustaafu ni 55, anakikalia miaka 23. Aliye nyuma yake anaweza kumaliza maisha yake ya kazi bila nafasi kufunguka. Na mwaka 2009 umri wa kustaafu ukasogezwa hadi 60, foleni ikasimama tena.

Zamani, aliyerukwa angeenda mahakamani na nini mkononi? Katiba ya kale ilisema mtumishi wa umma anashikilia kazi kwa ridhaa ya Rais. Kwa hiyo kitu pekee ambacho mkubwa hakuweza kukipindisha kilikuwa tarehe kwenye barua yako ya kuajiriwa. Hapa ndipo wanaowacheka "wazee wa ofisi" hukosea. Si ati watu wanaabudu miaka. Wanashikilia miaka kwa sababu hawaamini yule anayepima "ubora", na historia imewapa sababu za kutomwamini.

Katiba ya 2010 ilibadilisha mchezo. Kifungu cha 232 kinataka watu wapandishwe vyeo kwa ushindani wa haki na ustahili, lakini papo hapo kinataka jamii zote za Kenya ziwakilishwe, na wanawake, wanaume na watu wenye ulemavu wapewe nafasi sawa. Miaka kazini? Haimo kwenye orodha hiyo. Ongeza sheria ya mwaka 2008 ya utangamano wa kitaifa, inayokataza zaidi ya thuluthi moja ya wafanyakazi wa taasisi ya umma kutoka kabila moja. Sasa yule wa "ustahili" ana kifungu chake na yule wa "watu wetu wamerukwa" ana chake, na mara nyingi ni kifungu kilekile!

Mahakama ya kazi nayo kwa kawaida haikupi cheo. Kupandishwa si haki yako ya moja kwa moja; haki yako ni kufikiriwa bila upendeleo. Jaji anauliza: nafasi ilitangazwa? Vigezo vilijulikana mapema, au vilibadilishwa katikati? Sababu zilitolewa? Utaratibu ukiwa mbovu, anaweza kuufuta uanze upya. Na ukidai ulibaguliwa, Sheria ya Ajira ya 2007 inamtwika mwajiri mzigo wa kuthibitisha kwamba hakukubagua. Hilo wengi hawalijui, wanaogopa kushtaki wakidhani watatakiwa kuja na siri za ofisi nzima.

Halafu kuna huu ugonjwa wa kukaimu. Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya 2017 inasema kukaimu kusizidi miezi sita. Mjomba wangu, kwenye ofisi moja ya umma ambayo sitaitaja, alikaimu miaka minne. Kazi yote ya mkuu wa idara aliifanya yeye. Kisha kiti kikapewa mtu kutoka nje, na mjomba akaambiwa amwonyeshe kazi. Nikamtumia vifungu vyote hivi kwa WhatsApp. Akanijibu, "Mwanangu, nimebakisha miaka miwili nistaafu, sitaki vita." Yule aliyemfundisha kazi ndiye sasa anayejaza fomu yake ya tathmini kila mwaka.