Kitabu na Kinga: Historia ya Elimu ya Afya na Mafunzo ya Bonde la Kilombero

Tunapotaja utamaduni wa taifa, aghalabu fikira zetu huenda kwenye ngoma, mashairi, vinyago na mavazi. Ni nadra kukumbuka choo cha shimo, chungu cha maji yaliyochemshwa au chandarua. Hata hivyo, namna watu wanavyojikinga na maradhi, na namna wanavyofundishana kinga hiyo, ni sehemu ya utamaduni wao kama zilivyo nyimbo zao. Katika insha hii tutatazama jinsi kitabu cha afya kilivyoingia katika maisha ya wananchi wa vijijini, kisha tutajiuliza ni kwa sharti gani maandishi yanaweza kuokoa uhai.

Tuanze na mahali. Bonde la Kilombero, mkoani Morogoro, limelala kati ya Milima ya Udzungwa na nyanda za juu za Mahenge. Mchombe upo chini ya Udzungwa, upande wa njia itokayo Ifakara kwenda Mlimba. Masika yanapowadia, mito hushuka kwa nguvu kutoka milimani na kulifurikisha bonde. Maji hayo ndiyo yaletayo mpunga, na hayo hayo ndiyo yaleayo mbu. Isitoshe, wakati wa kilimo jamaa nyingi huhamia mashambani na kukaa miezi kadhaa katika madungu na vibanda, wakiulinda mpunga usiliwe na ndege na wanyama. Huko huwa mbali na zahanati. Kwa hiyo riziki na maradhi katika bonde hili hutoka katika chemchemi moja. Mtu hawezi kuikimbia hatari bila kulikimbia shamba lake. Hana budi kujifunza kuishi nayo kwa kujikinga.

Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliweka msingi wa siasa ya Ujamaa na Kujitegemea. Mwaka 1970 ulitangazwa kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima, na miaka 3 baadaye ikaja kampeni kubwa iliyoitwa Mtu ni Afya. Mwaka huo wa 1973, kwa majuma 12, wananchi walikusanyika katika vikundi kuisikiliza Radio Tanzania na kukisoma kitabu kilichoandikwa kwa shughuli hiyo. Viongozi wa vikundi wapatao 75,000 walipewa mafunzo, na inakadiriwa kwamba watu wapatao milioni 2 walishiriki. Walijifunza habari za malaria, kuhara, safura, kichocho na kifua kikuu. Mwaka 1975 ilifuata kampeni nyingine, Chakula ni Uhai.

Idadi hiyo ni kubwa, lakini jambo la kuangaliwa zaidi ni utaratibu wenyewe. Wakati huo watu wazima wengi hawakujua kusoma. Kama kitabu kingegawiwa kila nyumba na kuachwa hapo, kingekuwa pambo tu. Badala yake mmoja alisoma kwa sauti, wengine wakasikiliza; kisha wakajadiliana na kuamua la kutenda. Mkutano ulikwisha kwa jembe: kuchimba choo, kufyeka majani, kufukia vidimbwi. Usomaji wa namna hii haukuwa mgeni kwa watu waliozoea kusikiliza hadithi na kuzijibu. Kitabu kilikuja na mambo mapya, lakini kilipita katika njia ya zamani.

Hata hivyo kitabu kimoja cha taifa zima hakiwezi kuijua ardhi ya kila kijiji. Shimo la choo linalofaa mlimani huweza kujaa maji bondeni wakati wa mafuriko. Hapo ndipo elimu ya mahali penyewe inapohitajika, na Ifakara ilikuwa na hazina yake. Mwaka 1957 Profesa Rudolf Geigy wa Basel, Uswisi, alianzisha hapo maabara ya utafiti wa maradhi ya nchi za joto. Miongoni mwa yaliyochunguzwa ni homa ya papasi, iletwayo na wadudu wajifichao katika sakafu za udongo na nyufa za kuta. Mwaka 1961 kilifunguliwa kituo cha mafunzo ya uganga wa vijijini. Maabara ile ilikua hata ikawa taasisi ya Watanzania, nayo leo hujulikana kama Taasisi ya Afya Ifakara.

Tunda la elimu hiyo lilionekana kati ya mwaka 1996 na 2000, vyandarua vyenye dawa viliposambazwa Kilombero na Ulanga kwa jina la Zuia Mbu. Kabla ya kuandika mafundisho yao, watafiti waliwasikiliza wanavijiji. Waligundua kwamba wengi waliijua malaria, lakini degedege waliiona kuwa ugonjwa mwingine kabisa, usiohusiana na mbu. Mama mwenye fikira hiyo angeweza kuusoma ukurasa mzima juu ya mbu asione kwamba unamhusu mwanawe. Ilipasa basi mafundisho yaanzie pale alipo yeye. Matokeo yalidhihirika: kwa watoto wa mwezi 1 hadi miaka 4, matumizi ya vyandarua vyenye dawa yaliambatana na ongezeko la asilimia 27 katika kunusurika na kifo.

Lakini tusije tukakitukuza kitabu kupita kiasi. Kitabu kikimwamuru mkulima alale ndani ya chandarua, naye hana fedha za kukinunua, kimemwongezea lawama, hakikumwongezea afya. Kujitegemea hakumaanishi kumwacha mtu peke yake na ukurasa wake. Wananchi wa mwaka 1973 walijitegemea kwa pamoja, na nyuma yao walikuwapo walimu, redio na Serikali.

Wahenga walisema kinga ni bora kuliko tiba. Nasi twaongeza kwamba kinga hudumu ikiwa imekuwa desturi. Choo kilichochimbwa kwa kampeni huweza kubomoka kampeni ikiisha, bali kilichochimbwa kwa kufahamu huchimbwa tena. Kwa hiyo mwalimu afundishaye afya Mchombe, au popote pengine, hana budi kufungua vitabu viwili kwa pamoja: kile kilichochapishwa, na kile ambacho wanakijiji wamekiandika kwa maisha yao.