Kuondoa shauri mahakamani na haki ya kulifungua upya: sheria ya Tanzania na Kenya

Habari za mahakama kutoka Tanzania na Kenya mara kwa mara hueleza kwamba mdai ameliondoa shauri lake. Wengi huichukulia habari hiyo kuwa ushindi wa mdaiwa. Lakini shauri lililoondolewa halijaamuliwa, na uwezo wa mdai kurudi hutegemea jinsi alivyoliondoa.

Nchini Tanzania, jambo hili linasimamiwa na Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, iliyotungwa mwaka 1966 kwa kufuata sheria ya India ya mwaka 1908. Mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote. Akitaka kubaki na haki ya kulifungua upya, sharti aombe ruhusa ya mahakama. Ruhusa hutolewa mahakama ikiridhika kwamba shauri litaanguka kwa kasoro ya kiutaratibu, au kwamba ipo sababu nyingine ya kutosha. Mahakama huweza pia kuweka masharti.

Anayeondoa shauri bila ruhusa hiyo huzuiwa kufungua jingine kuhusu madai yaleyale, na anaweza kutozwa gharama. Wadai wakiwa wengi, mmoja wao hawezi kuruhusiwa kujiondoa bila ridhaa ya wenzake.

Hata hivyo, ruhusa haisimamishi muda wa ukomo. Kanuni ya 2 ya amri hiyo inaelekeza kwamba muda uhesabiwe kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Kwa mfano, ukomo wa madai ya mkataba ni miaka 6. Mdai aliyefungua shauri miaka 5 baada ya mkataba kuvunjwa, kisha akaliondoa kwa ruhusa miaka 2 baadaye, amekwisha kuchelewa. Sheria ya ukomo inatoa nafuu finyu, hasa kwa aliyefuatilia haki yake kwa bidii na nia njema katika mahakama ambayo baadaye ilionekana haina mamlaka.

Nchini Kenya, Amri ya 25 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010 ina unafuu zaidi. Kabla ya shauri kupangiwa kusikilizwa, mdai huliondoa kwa taarifa ya maandishi tu, na hatua hiyo haiwi utetezi dhidi ya shauri la baadaye. Likishapangiwa, hutakiwa ridhaa ya maandishi ya pande zote au idhini ya mahakama.

Maombi ya kikatiba yana utaratibu wake. Kanuni za Kenya za mwaka 2013 zinairuhusu mahakama, kwa sababu itakazoziandika, kuendelea kusikiliza ombi hata kama mwombaji anataka kujiondoa.

Kwa hiyo, kabla ya kuondoa shauri, mdai hana budi kuhakikisha mambo mawili: kwamba ruhusa ya kurudi imeandikwa waziwazi ndani ya amri ya mahakama pale inapohitajika, na kwamba muda wa ukomo bado unamtosha.