Nusu Saa Katika Kanisa la Mkunazini

Watu wengi wakisikia neno basilika hufikiria Roma na Kanisa la Mtakatifu Petro. Lakini neno hilo lina umri kuliko makanisa. Warumi wa kale waliita basilika jumba refu la mjini lenye safu za nguzo, ambamo mahakimu walikaa kuamua kesi na wafanyabiashara wakakutana kupatana bei. Wakristo walipopata uhuru wa kujenga hadharani, katika karne ya nne, waliichukua ramani ile ile ya jumba la kesi na biashara wakaifanya ya nyumba ya sala.

Nimetanguliza maelezo haya ya kimwalimu kwa sababu hapa kwetu liko kanisa lenye umbo hilo hilo, nalo pia lilisimama mahali pa biashara. Ni Kanisa Kuu la Kristo, Mkunazini, mjini Unguja. Si basilika kwa cheo, maana ni la Kianglikana na wenye kutoa cheo hicho ni Wakatoliki. Ni basilika kwa umbo. Na biashara iliyokuwa pale ilikuwa ya watu.

Nilifika Mkunazini nikiwa nimekwisha kustaafu. Walimu vijana wa Handeni waliniomba niwasindikize pamoja na wanafunzi wao wa sekondari, kwa kuwa walijua kwamba tangu nilipotoka chuo cha ualimu nimefundisha historia maisha yangu yote. Wengi wa watoto wale walikuwa Wazigua, wachache Wasambaa na Wabondei ambao wazazi wao wanakaa Korogwe. Tulilipa kiingilio, tukapewa kijana wa kutuongoza, hodari wa kazi yake, mwenye Kiswahili kitamu cha Kiunguja.

Alianza kwa kututeremsha kwenye vyumba vya chini, katika jengo lililo jirani na kanisa. Dari ni ya chini, mtu mzima huinama, na hewa ni nzito. Alituambia kwamba humo ndimo watumwa walimosongamana wakingoja kuuzwa. Nawaomba wasomaji wangu wajue kwamba jambo hilo lina ubishi, kwani jengo lile lilijengwa na wamisionari baada ya soko kufungwa, na wapo wanahistoria wasioamini kwamba vyumba vile viliwahi kufungiwa watumwa. Hata hivyo sikumkatiza kijana wa watu. Soko lilikuwepo, na hilo halina ubishi.

Kutoka hapo tulipita penye shimo la sanamu za saruji, watu watano wenye minyororo shingoni, kazi ya msanii wa Sweden, Clara Sörnäs. Kisha tukaingia kanisani. Mbele ya altare kuna duara la marumaru sakafuni, kuonyesha mahali ambapo inasemekana paliota mti wa kuwachapia watumwa viboko. Karibu yake upo msalaba wa mbao uliochongwa kutokana na mti wa kijiji cha Chitambo, katika Zambia ya leo, ambao chini yake ulizikwa moyo wa David Livingstone. Tukaonyeshwa pia nguzo fupi zilizosimamishwa kichwa chini miguu juu. Wanasimulia kwamba mafundi waliziweka hivyo askofu alipokuwa safarini, naye aliporudi akaona heri ziachwe.

Askofu huyo ni Edward Steere, naye amezikwa nyuma ya altare. Mkataba wa kufunga soko ulitiwa sahihi na Sultani Barghash tarehe 5 Juni 1873. Livingstone, aliyeipigia kelele biashara ile miaka mingi, alifariki tarehe 1 Mei mwaka huo huo, mwezi mmoja tu kabla, wala hakupata kuisikia habari hiyo. Jiwe la msingi la kanisa liliwekwa siku ya Krismasi ya mwaka 1873, na Krismasi ya 1877 watu walisali ndani kabla ujenzi haujamalizika. Steere hakuwa mjenzi wa mawe tu. Kitabu chake cha kufundishia Kiswahili cha Unguja kilitoka mwaka 1870, na lahaja hiyo ya Unguja ndiyo iliyochaguliwa baadaye kuwa msingi wa Kiswahili sanifu tunachosomea sote.

Yote hayo kijana yule aliyaeleza kwa nusu saa, na aliyaeleza vizuri. Tulipokuwa tunatoka, msichana wa kidato cha pili, mwenye daftari mkononi, aliuliza swali moja: "Kaka, hao watu walikuwa wanatoka wapi?"

Kijana akajibu, "Walikuwa wanatoka bara."

Binti akashukuru, akaandika neno hilo katika daftari lake. Niliwatazama wenzake. Hakuna aliyeshtuka. Walilipokea neno bara kama jina la nchi ya mbali, wasijue kwamba mtu akisimama Unguja na kunyosha mkono upande wa magharibi, bara anayoionyesha ni kwao.

Simlaumu kiongozi wetu. Muda wake ni nusu saa, na kazi yake ni kueleza yaliyotendeka penye kiwanja kile. Lakini mtumwa alipofika Mkunazini, habari yake ilikuwa imekwisha kuwa nusu. Nusu ya kwanza ilitendeka vijijini kwetu, na mwenye kuieleza hakuna ila sisi wenyewe.

Ni kweli kwamba watumwa walio wengi hawakutoka Uzigua wala Usambaa. Sehemu kubwa walitoka upande wa Ziwa Nyasa, wakapitia Kilwa. Lakini Pangani nayo ilikuwa mlango, na njia za kufikia mlango huo zilipita Handeni na Korogwe. Katikati ya miaka ya 1830 mvua ilikatika Uzigua, ikaingia njaa kali. Watu wakashuka pwani kutafuta nafaka. Wengine waliwekwa rehani na jamaa zao wenyewe ili waliobaki wapate kula. Wengine walijitoa kwa hiari, wakiamini kwamba mvua ikirudi watalipa deni na kurejea nyumbani. Walipandishwa majahazini, na wengi wao hawakuona tena vilima vya kwao.

Baadaye ikaja biashara ya bunduki. Mfalme wa Usambaa, Kimweri ye Nyumbai, alifariki mwaka 1862, na ukoo wake ukaingia katika vita vya kugombea urithi. Mwanawe Semboja aliweka makao Mazinde, chini ya milima, mahali ambapo leo ni wilaya ya Korogwe. Alipachagua kwa akili, maana misafara ya pembe za ndovu ilipita mlangoni pake. Vita vilihitaji bunduki na baruti, na vitu hivyo vililipiwa kwa pembe na kwa watu. Kijiji kikishambuliwa, mateka walipelekwa pwani, na kutoka pwani zilirudi bunduki za kushambulia kijiji kingine. Uzigua nako mambo yalikuwa vivyo hivyo. Mwenye bunduki alipata watu wa kuuza, na asiye nayo aliuzwa. Hakuna kabila la kwetu lililokuwa upande mmoja tu wa kamba.

Haya niliwaambia wanafunzi wale nje ya kanisa, kivulini, kabla ya kwenda kula. Mvulana mmoja wa Korogwe akauliza kwa sauti ya ugomvi kidogo, "Kwa hiyo, Babu, wazee wetu ndio waliouza watu?" Nikamjibu kwamba wengine waliuza, wengine waliuzwa, na yeye ni mjukuu wa hao wote, kwa kuwa katika miaka hii mia na hamsini wameoana na kuzaliana. Hakuridhika, nami sikutaka aridhike upesi.

Jioni mwalimu mmoja alinivuta pembeni. Kwa adabu alinieleza wasiwasi wake, kwamba maneno yale yakifika nyumbani yanaweza kuleta kununiana. Mzazi mmoja atasema ukoo wa fulani ulikuwa wa wauzaji, mwingine atajibu kwamba ukoo wa fulani ulikuwa wa watumwa. Wasiwasi huo naujua. Handeni nilipokuwa kijana, neno mtumwa lilitamkwa kwa utani tu, na hata kwa utani wazee walitazama kwanza nani yupo barazani. Ziko familia ambazo bibi yao alinunuliwa, akaolewa, akazaa, na jina la alikotoka likazikwa pamoja naye. Ukimya ule ulikuwa na heshima ndani yake. Watu walioishi pamoja walikubali kutoulizana, ili mtoto wa aliyenunuliwa asinyanyaswe.

Lakini ukimya una gharama yake. Wa kwanza kuilipa ni mtoto, anayekua akiamini kwamba utumwa ulikuwa jambo la watu wawili, Mwarabu muuzaji na Mzungu mkombozi, na kwamba Mwafrika hakuwa na lolote ila shingo ya kufungwa mnyororo. Hadithi ya namna hiyo hudhuru pande mbili. Huwafanya wajukuu wa wafanyabiashara wa pwani wabebe peke yao mzigo uliobebwa na wengi, nasi hutunyima somo tunalolihitaji, yaani jinsi njaa, deni na tamaa ya silaha zinavyoweza kumfanya mtu wa kawaida amuuze jirani yake.

Gharama ya pili wamelipa walioondoka. Wazigua waliochukuliwa wakati wa njaa, wengine waliteremshwa pwani ya Somalia, wakafanyishwa kazi mashambani. Wengi walitoroka wakajificha katika misitu ya mto Juba, wakiongozwa, kwa mujibu wa masimulizi yao, na mwanamke aitwaye Wanankhucha. Huko walikaa zaidi ya miaka mia na hamsini bila kuisahau lugha yao. Vita vya Somalia vilipozuka mwaka 1991 walikimbia tena. Wengine walifika Kenya, na kutoka huko maelfu walipelekwa Marekani. Wengine walishuka hadi nchi ambayo wazee wao waliitaja katika masimulizi, wakapewa makazi Chogo, wilaya ya Handeni, na wengi wamepata uraia wa Tanzania.

Nilifika Chogo siku moja. Mzee aliyenikaribisha alinipa kigoda na kuzungumza nami kwa Kizigua, kile kile cha bibi yangu, ila kilichochanganyika na maneno ya Kisomali. Aliniuliza kwa nini vijana wa Handeni wanawaita Wasomali. Wao Somalia waliitwa wageni kwa sababu ya lugha hii, na sasa wamerudi nayo wanaitwa wageni tena. Swali lake lilinikumbusha daftari la yule binti. Vijana wanaomwita mzee yule Msomali hawana ubaya moyoni. Hawajaambiwa tu kwamba watu walitoka hapa, kwa hiyo hawawezi kuelewa kwamba watu wamerudi.

Kwa maoni yangu, basi, kinachotakiwa si kuwataja wenye hatia kwa koo zao. Waliouza wamekufa, na waliouzwa wamekufa. Kinachotakiwa ni kueleza jinsi jambo lilivyotendeka, kwa mahali na kwa mwaka, kama tunavyoeleza vita vya Maji Maji. Kanisa la Mkunazini na nchi yetu si wageni. Wamisionari wa chama kile kile cha Steere waliendesha misheni ya Magila, huku Bonde, na hadi mwaka 2001 Zanzibar na Tanga zilikuwa dayosisi moja ya Kianglikana. Kilichounganishwa na kanisa kwa miaka mingi hivyo kinaweza kuunganishwa pia na darasa.

Ningekuwa bado nashika chaki, ziara ya Mkunazini ningeianzia Korogwe, kwenye daraja la mto Pangani, niwaonyeshe watoto maji yanavyoelekea baharini. Siku hiyo hiyo ningewapeleka Mazinde, na kesho yake Chogo, wakae chini wawasikilize wazee. Hapo ndipo ningewakatia tiketi za boti. Nauli ya kwenda Mazinde na Chogo ni ndogo kuliko ya kwenda Unguja, na mwalimu yeyote wa Handeni au Korogwe anaweza kuanza muhula ujao.