Majarida Yasiyokuwako: Wakati, Marejeleo na Historia ya Thiotimolini

1.0 Utangulizi

Tangu H. G. Wells achapishe The Time Machine mwaka 1895, bunilizi ya kisayansi imezoea kuupindua wakati kwa kutumia mashine na msafiri. Msafiri huondoka, huona, kisha hurudi kusimulia. Mwaka 1948 Isaac Asimov alishika njia nyingine. Hakubuni msafiri wala msimulizi. Alibuni makala ya kitaaluma. Makala hii inachunguza historia ya maandishi hayo na kudai kwamba nguvu yake haikutokana na dutu ya ajabu inayoelezwa humo, bali na umbo la jarida la kitaaluma, ambalo msomaji amefunzwa kuliamini.

2.0 Chimbuko

Mwaka 1947 Asimov alikuwa mwanafunzi wa uzamivu katika kemia, Chuo Kikuu cha Columbia, New York. Katika utafiti wake alitumia katekoli, ambayo fuwele zake huyeyuka mara tu zinapogusa maji. Kutokana na kasi hiyo akajiuliza ingekuwaje kama kungekuwa na dutu inayoyeyuka kabla maji hayajaigusa. Kwa kuwa alikaribia kuandika tasnifu, aliona pia nafasi ya kuuigiza kwa mzaha mtindo mkavu wa wanakemia. Matokeo yake yalikuwa “The Endochronic Properties of Resublimated Thiotimoline”, iliyotoka katika Astounding Science Fiction, toleo la Machi 1948. Kwa mujibu wa makala hiyo, thiotimolini huyeyuka sekunde 1.12 kabla ya maji kumiminwa. Dai hilo linaambatana na majedwali, grafu na marejeleo ya majarida yasiyokuwako.

Asimov alimwomba mhariri, John W. Campbell, atumie jina bandia, akihofia kwamba watahini wangemwona kuwa mtu asiyeiheshimu kemia. Makala ikatoka kwa jina lake halisi. Mwezi Mei mwaka huohuo alipoitetea tasnifu yake, swali la mwisho la jopo lilihusu sifa za thiotimolini. Asimov akaangua kicheko, kwani alitambua kwamba watahini wasingemtania mtu waliyekusudia kumfelisha. Alifaulu.

3.0 Umbo Dhidi ya Maudhui

Makala ya sayansi hupangwa kwa kufuata wakati: mbinu hutangulia, matokeo hufuata. Asimov aliuhifadhi mpangilio huo, ilhali maudhui yake yanadai kuwa tokeo hutangulia chanzo. Kupinduliwa kwa wakati kunaonekana wazi kwa sababu kumewekwa ndani ya umbo lisilopinduka. Hapo anatofautiana na Euphrase Kezilahabi, ambaye katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) anauvuruga wakati pamoja na muundo wenyewe wa usimulizi.

Jambo la pili ni sarufi. Mtindo wa kitaaluma humficha mtenda, na Kiswahili hulitekeleza hilo kwa mnyambuliko wa kitenzi: dutu “ilipimwa”, tokeo “lilibainika”. Thiotimolini, hata hivyo, haielezeki bila mtenda, kwa kuwa kuyeyuka kwake kunategemea iwapo kuna mtu atakayemimina maji kweli. Katika makala ya pili, ya mwaka 1953, Asimov aliikuza hoja hiyo hadi dutu ikawa chombo cha kupimia nia na akili ya binadamu. Hivyo lugha inayomfuta mtafiti inalazimika kuuchunguza moyo wake. Kejeli ya maandishi haya imejikita hapo, ndani ya sarufi, zaidi ya ilivyo katika kemia.

Jambo la tatu ni marejeleo. Jorge Luis Borges alikuwa amekwisha kuonyesha, katika “Tlön, Uqbar, Orbis Tertius” (1940), kwamba ulimwengu mzima unaweza kujengwa kwa kurejelea ensaiklopidia ya kubuni. Kwa upande wa thiotimolini, Asimov alisimulia baadaye kuwa wasomaji waliwasumbua wakutubi wa Maktaba ya Umma ya New York wakiyadai majarida aliyoyataja. Kisa hiki kinachekesha, lakini wasomaji hao walitenda hasa kile ambacho rejeleo humtaka msomaji atende. Rejeleo ni ahadi kwamba matini nyingine ipo mahali fulani na inaweza kufunguliwa. Aliyekwenda maktaba aligundua kuwa ahadi haikutimizwa. Aliyesadiki na kubaki nyumbani ndiye aliyedanganyika.

4.0 Hitimisho

Historia ya thiotimolini inaonyesha kwamba vipengele vinavyoipa makala hadhi ya kitaaluma vinaweza kuigwa vyote bila kuwapo utafiti wowote. Jopo la Columbia lilikuwa na maarifa ya kuutambua mzaha na likaucheka. Msomaji asiye na maarifa hayo alibakiwa na kinga moja, nayo ni kuliendea rafu la maktaba na kulitafuta jarida lililotajwa. Umbo la kitaaluma humwonyesha msomaji njia ya kuuthibitisha ukweli. Safari yenyewe ni lazima aifanye mwenyewe.