Mfahamu Ulrich Mühe, askari wa Ukuta wa Berlin aliyefika hadi usiku wa Oscar

Umewahi kuiona ile filamu ya Kijerumani ya jasusi anayekaa darini, hedifoni masikioni, akisikiliza maisha ya watu wengine usiku kucha? Yule jamaa wa sura ngumu na koti la kijivu ni Ulrich Mühe. Wengi walimjua mwaka 2006 filamu ilipotoka, lakini wakati huo alikuwa tayari na miaka zaidi ya 25 kazini.

Mühe alizaliwa Juni 20, 1953 mjini Grimma, Ujerumani Mashariki, baba yake akiwa fundi wa nguo za manyoya. Alijifunza kwanza kazi ya ujenzi, kisha akapelekwa jeshini na kupangiwa ulinzi wa mpaka kwenye Ukuta wa Berlin. Hapo ndipo vidonda vya tumbo vilipomwanza. Kijana anasimama na bunduki, anajua anaweza kuamriwa ampige risasi raia mwenzake anayekimbia. Tumbo litapona vipi?

Alipotoka jeshini alisomea uigizaji Leipzig. Mwaka 1983 akaingia Deutsches Theater ya Berlin Mashariki, ukumbi wenye heshima kubwa, na hapo akawa nyota wa jukwaa.

Novemba 4, 1989 mamia ya maelfu ya watu walijaa uwanja wa Alexanderplatz kudai uhuru wa kusema na kukusanyika. Waigizaji ndio walikuwa mstari wa mbele kuyaandaa maandamano hayo, na Mühe alikuwa mmoja wa waliopanda kuzungumza. Siku 5 baadaye ukuta ukafunguka. Yaani ule ule aliokuwa akiulinda.

Baada ya Ujerumani kuungana, kazi zikamfuata. Alicheza vichekesho kama Schtonk! (1992), iliyohusu shajara bandia za Hitler. Kwa mwongozaji Michael Haneke alicheza Benny's Video na Funny Games (1997). Hiyo Funny Games usiitazame usiku ukiwa peke yako. Vijana wawili wenye adabu nyingi wanaingia kwenye nyumba ya familia iliyo likizo, na mke wake ndani ya filamu ni Susanne Lothar, mke wake wa kweli.

Kwa Wajerumani wa kawaida, wanaokaa mbele ya televisheni jioni, yeye alikuwa Dk. Robert Kolmaar, daktari wa kuchunguza maiti kwenye tamthilia ya Der letzte Zeuge. Aliicheza kuanzia 1998 hadi 2007, vipindi 73.

Halafu ikaja Das Leben der Anderen, yaani Maisha ya Wengine. Ni Berlin Mashariki, 1984. Kapteni Wiesler wa Stasi, polisi wa siri, anapewa kazi ya kumchunguza mwandishi wa tamthilia. Anasikiliza, anaandika ripoti, na taratibu anaanza kuzidanganya ripoti zake ili kumlinda huyo mwandishi. Mühe haongei sana humo. Kila kitu kipo machoni, na kwangu mimi hakuna aliyewahi kukaa kimya vizuri kuliko yeye. Alipoulizwa alijiandaaje, jibu lake lilikuwa kwamba alikumbuka tu.

Na kweli alikuwa na ya kukumbuka. Faili za Stasi zilipofunguliwa aligundua kwamba naye alichunguzwa, wenzake wa jukwaani wakiwa miongoni mwa watoa habari. Alimtaja hadharani pia mke wake wa zamani. Mama huyo alikana katakata na kwenda mahakamani, na mahakama ikamzuia Mühe kurudia madai hayo.

Mwaka 2006 alipata tuzo ya mwigizaji bora Ujerumani na ile ya Ulaya. Februari 25, 2007 filamu ikashinda Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni, naye alikuwepo Los Angeles. Wachache tu walijua kwamba alikuwa na saratani ya tumbo. Muda mfupi baadaye alirudi nyumbani kufanyiwa upasuaji.

Aliuzungumzia ugonjwa wake hadharani Julai hiyo hiyo, siku zikiwa zimekwisha. Alifariki Julai 22, 2007 kijijini Walbeck, akiwa na miaka 54. Binti yake, Anna Maria Mühe, naye ni mwigizaji wa filamu na televisheni huko Ujerumani.